Seijun Yonamine, Mtegua Mabomu wa Itoman

Miaka ambayo Seijun Yonamine alikuwa mtoto, kusini yote ya kisiwa cha Okinawa ilikuwa ikiokota chuma. Vita vya Pili vya Dunia vilikuwa vimeacha makombora mengi udongoni kuliko viazi, na mnunuzi wa chuma chakavu alilipa vizuri kuliko kiwanda cha sukari. Baba yake alikuwa akifungua kombora kwa patasi nyuma ya banda la nguruwe, nje kidogo ya mji wa Itoman, pale lilipomlipukia. Seijun alikuwa na umri wa miaka minne. Hakumbuki kishindo. Anachokumbuka ni nguruwe waliovunja banda na kutawanyika kwenye miwa, na mama yake akiwaswaga mmoja mmoja bila kulia, kwa sababu nguruwe ndio waliobaki.

Mama huyo, Kamado, hakulilaumu kombora. Aliwalaumu wanajeshi, tena hakubagua: Wamarekani waliolidondosha na Wajapani waliowavutia kuja. Yaliyompata wakati wa vita hakuyasimulia. Ukimuuliza, alikupa kazi ya kufanya.

Mwaka 1972 Marekani iliirudisha Okinawa kwa Japani, na nyuma ya bendera likaja Jeshi la Kujihami. Lilikuwa jeshi la ajabu. Katiba iliyoandikwa baada ya kushindwa ilisema Japani haitakuwa na jeshi kamwe. Kisha vita vikazuka Korea, kikaundwa kikosi cha akiba ya polisi, kikapewa jina jingine, halafu jingine tena, na vifaru vyake vikaitwa magari maalumu ili katiba isishtuke. Waliovaa sare hiyo walizomewa hata kwao, Japani bara. Okinawa walichukiwa wazi.

Seijun, kijana wa miaka ishirini na moja, alikuwa fundi wa kuchomelea katika gereji moja ya mji wa Naha. Alisikia kwamba kazi ya kuondoa mabomu yaliyobaki itatoka mikononi mwa Wamarekani na kupewa kikosi kipya. Alijiandikisha wiki hiyohiyo, kisha akaenda Itoman kumwambia mama yake. Walikuwa wanakula. Kamado alimaliza kutafuna, akaweka vijiti chini.

"Ukija kama mwanangu, chakula kipo," alisema. "Lakini nguo zile zisivuke kizingiti changu."

Wala hakupandisha sauti. Seijun alijua kwamba akiibishia kauli hiyo atapoteza hata kile chakula, kwa hiyo alisema sawa, na kwa miaka mingi alibadilisha nguo kwenye choo cha kituo cha mafuta kabla ya kwenda kwao.

Alifunzwa kisiwani Kyushu, akarudi na cheo kidogo na mke, Fumiko, mfuaji wa hospitali aliyekuwa na ulimi mkali na moyo mkubwa. Walipanga chumba Naha. Wanajeshi waliowatangulia waliwasimulia jinsi ofisi ya mji ilivyokataa kuwaandikisha kuwa wakazi. Hayo yalikuwa yamekwisha, ila majirani walikuwa na njia zao. Asubuhi moja waliukuta mfuko wao wa taka umerudishwa mlangoni, umefungwa vizuri kwa kamba.

"Angalau wanajua tunapoishi," Fumiko alisema, akaubeba mwenyewe hadi jalalani, akimsalimia kila aliyekutana naye njiani kwa jina.

Mwaka 1974 bomu la zamani lililipuka kwenye ujenzi mjini Naha, likaua watu wanne, mmoja wao mtoto mdogo. Tangu hapo simu ya kikosi haikutulia. Wenye nyumba waliompita Seijun barabarani wakiangalia pembeni ndio waliopiga wakisema kuna kitu chini ya jiko lao. Alikwenda. Hakuwakumbusha lolote. Alijifunza kulala kifudifudi kwenye tope akiifungua fyuzi, kile kifaa cha kulipulia bomu, iliyoota kutu, taratibu, akiusikiliza uzi wa skrubu kwa ncha za vidole, na wenzake walimpenda kwa sababu hakuwahi kuwaharakisha wala kuwatuma mahali ambapo yeye hajalala kwanza.

Kisha, mwaka 1979, katapila lililokuwa likipanua mfereji huko kwao liligonga bomu la kilo mia mbili na hamsini katika shamba la miwa lililopakana na uzio wa Kamado.

Kijiji kizima kilihamishiwa kwenye ukumbi wa shule. Polisi walipita nyumba kwa nyumba. Luteni Hatakenaka, ofisa kijana kutoka bara, alimfuata Seijun penye mifuko ya mchanga akionekana mwenye haya.

"Sajini, kuna bibi mmoja hatoki. Anasema labda tumtoe maiti. Vijana wanataka kumbeba."

"Nyumba ipi?"

Luteni alinyoosha kidole. Seijun alivua kofia ya chuma, akaifuta, akaivaa tena.

"Wasimguse, Afande. Ni mama yangu."

Alikwenda akiwa na sare iliyojaa udongo, akasimama nje ya lango la mawe. Kamado alikuwa amekaa kibarazani, mikono mapajani, kama anayesubiri mgeni asiyemtaka. Seijun hakuvuka. Alimsalimia kwa lugha ya kisiwa, ile ambayo shuleni walichapwa kwa kuizungumza, akamwambia bomu liko karibu, na kwamba anamwomba aende shuleni na wenzake hadi kazi iishe.

"Na mwaka ule walituambia tutoke," Kamado alisema.

Mama yake alimtazama, kisha akaitazama sare, na ndipo akaanza kusimulia, si kwa sauti ya kilio bali kama mtu anayetaja bei za sokoni. Walikuwa pangoni, yeye, mama mkwe wake na mtoto wake wa kwanza, msichana aliyekuwa bado ananyonya. Wakaingia wanajeshi wa Japani. Wakasema pango ni la jeshi, raia watoke. Nje makombora ya meli yalikuwa yakinyesha. Mama mkwe aliwapigia magoti. Hawakuwa watu wabaya wa sura, alisema Kamado; mmoja alimpa maji kabla ya kumsukuma. Walitoka. Mama mkwe na mtoto hawakufika hata kwenye mti wa pili.

Seijun hakuwa amejua kwamba aliwahi kuwa na dada. Alisimama pale langoni mikono ikining'inia, na nyuma yake luteni, aliyekuwa amefuata kwa mbali, alisikia sauti tu bila kuelewa neno hata moja, lakini alikuwa na akili ya kutosha kutosogea.

"Mama," Seijun alisema. "Mimi sijaja kukutoa ili nikae mimi. Nimekuja kulitoa lile. Ukibaki, nitalifungua hivyohivyo, ila mikono yangu itatetemeka."

Kamado aliinuka, akafunga maji ya jikoni, akavaa ndala. Alipofika kwenye kizingiti alisimama.

"Mimi ndiye ninayevuka," alisema. "Usije ukasema ulinitoa."

"Siwezi kusema hivyo."

Alikataa mkono wa luteni, akashika kiwiko cha mwanawe, na wakatembea hadi barabarani. Kwenye gari la polisi alimwambia dereva apunguze redio.

Fyuzi ya mbele ilitoka bila ubishi. Ya nyuma iligoma. Seijun aliipaka mafuta, akasubiri, akaipaka tena, akajaribu spana, akahisi inateleza, akaacha. Msaidizi wake alitaka wagonge kidogo. Alimjibu kwamba mtu aliyempenda aliwahi kugonga kidogo. Waliketi shimoni wakizungumza habari za mashindano ya mieleka, na mafuta yalipopenya ndani, fyuzi iligeuka kwa mkwaruzo mdogo kama wa kifuniko cha chupa ya zamani. Aliibeba juu mwenyewe.

Ukumbini watu walipiga makofi, hata waliokuwa hawamsalimii. Kamado alikuwa kwenye mkeka pembeni. Aliiangalia mikono ya mwanawe, akaigeuza, akahesabu vidole kwa macho.

"Baba yako alitumia patasi," alisema.

"Najua, Mama."

"Mpumbavu yule." Akacheka, na kicheko hicho kilikatika katikati, akajifunika uso kwa taulo. Seijun aliketi kando yake na sare yake yote, na hakuna aliyemwambia aondoke.

Msidhani Kamado aligeuka kuwa mpenda jeshi. Mwaka uliofuata, wanawake wa kusini walipokwenda kuandamana mbele ya kambi, alikuwa mstari wa mbele na bango. Seijun alipita na lori. Jumapili iliyofuata, akiwa na nguo za nyumbani mezani kwa mama yake, aliulizwa kama alimwona.

"Nilikuona. Bango lako lilikuwa limepinda."

"Upepo," Kamado alisema, akamwongezea nyama.

Waliishi hivyo, na kila mmoja alimheshimu mwenzake kwa kutobadilika. Fumiko aliwaambia majirani kwamba nyumba yao ndiyo pekee Japani ambayo serikali na upinzani wanakula sahani moja.

Mambo ya nchi nayo yalikuwa yakisogea. Mwaka 1992, baada ya ubishi mkali ambapo wabunge wa upinzani walijikokota kwenda kupiga kura kwa mwendo wa ng'ombe ili kuchelewesha, sheria ilipitishwa kuruhusu wanajeshi kwenda nje chini ya Umoja wa Mataifa. Kikosi cha kwanza kilipelekwa Kambodia kutengeneza barabara. Seijun, mwenye mvi za kwanza, alikuwemo.

Kambodia alikuta kile alichokijua tangu utotoni, ardhi inayoua watu waliokwisha kusahau vita. Aliwaona watoto wa mguu mmoja wakicheza mpira na kumshinda mbio. Lakini sheria ya Tokyo ilikuwa imeandikwa kwa woga: wao ni wa barabara na madaraja, mabomu ya ardhini yaachiwe vikosi vya nchi nyingine. Siku moja mkulima mwenye baiskeli alimwonyesha bomu mferejini, hatua chache kutoka njia wanayopita wanafunzi. Seijun alilitambua kwa jicho moja. Mikono ilimwasha. Alifunga kitambaa chekundu kwenye kijiti, akatuma taarifa, kisha akasimama pale juani akiwageuza watu, mchana wote, mpaka kikosi cha wageni wengine kilipofika. Kamanda wake alikuja kumuuliza kwa nini hakuondoka baada ya kuweka alama.

"Sheria inanikataza kulitoa, Afande," alijibu. "Haijanikataza kusimama."

Kamanda alimletea maji, na hakuandika lolote.

Alistaafu akiwa na miaka hamsini na tatu, siku ya mvua, baada ya hotuba fupi na picha ya kikosi. Wenzake walitafuta kazi za ulinzi na bima. Yeye alijiunga na wastaafu wengine waliokuwa wakienda Kambodia kama raia kuwafundisha wenyeji kutegua mabomu. Alimwendea Kamado, ambaye sasa alitembea kwa mkongojo na kusikia vizuri pale alipotaka tu.

"Unakwenda kwa amri ya nani?" aliuliza.

"Ya Fumiko. Amechoka kuniona nyumbani."

Kamado alifikiri. "Nenda basi. Mwanamke huyo ana akili kuliko mabaraza yote ya mawaziri niliyoyaona."

Alikaa huko miaka kadhaa, akirudi kwa sikukuu za kuzuru makaburi ya ukoo. Alifundisha wanaume na wanawake wa vijijini kulala kifudifudi na kutoharakisha. Mmoja wao, mjane aitwaye Channary, aliyepoteza mume shambani, alikuja kuwa kiongozi wa timu na alimkaripia Seijun hadharani kwa kupiga magoti vibaya. Seijun alimsimulia kila mtu kisa hicho kwa fahari, kama baba.

Kamado alifariki akiwa na zaidi ya miaka tisini, kitandani kwake, mwanawe na Fumiko wakiwepo. Kwenye kaburi la ukoo Seijun aliomba jina la dada yake lichongwe. Wazee wa ukoo walisema hawalijui. Alilijua yeye, Kamado alikuwa amemwambia hatimaye, akimenya vitunguu, bila kuombwa.

Leo Seijun ana zaidi ya miaka sabini. Serikali inasema majirani wa Japani wamebadilika, na bajeti ya ulinzi imepanda kuliko alivyowahi kufikiria. Visiwa vidogo vya kusini magharibi vimepata kambi na makombora, na sasa kunazungumzwa kuhusu mahandaki na meli za kuhamisha raia. Mkutano wa mipango hiyo ulipofanyika kijijini, wanaounga mkono kambi na wanaozipinga, wote walimtaka asimame. Alisimama. Alisema alivaa sare ile miaka zaidi ya thelathini na haionei aibu, na kwamba hawezi kumwambia kijana wa leo asilinde nchi yake. Kisha akamgeukia ofisa aliyekuwa na ramani.

"Umetuonyesha meli. Sasa niambie nani atakwenda kwa bibi asiyetaka kutoka, na atamwambia nini, kwa lugha gani."

Ofisa, kijana muungwana, alikiri kwamba hilo halijapangwa. Baadhi ya watu walipiga makofi, wengine hawakupiga. Waliotaka akemee kambi waliondoka wamenuna, na waliotaka aisifu pia.

Juma lililofuata alianza mwenyewe. Asubuhi baada ya kahawa huvaa kofia ya majani na kupita nyumba za wazee, akiuliza nani hatembei, nani hasikii, nani ana mbuzi ambaye hatamwacha. Wengine humfukuza. Bibi mmoja wa upande wa bandari alimwambia hana muda wa upuuzi wa vita, lakini kama ana nguvu zote hizo amsaidie kushusha godoro. Seijun alivua viatu, akaingia, akalishusha.