Managu ya Majani Mapana

"Mama Travis, hii ni managu ama ni osuga?"

Aliyeuliza alikuwa jirani mgeni hapa mtaani kwetu Free Area, mama aliyehamia kutoka Kisumu, amesimama mbele ya kibanda na kifungu cha mboga mkononi. Celestine Sitati alicheka, vidole vyake vikiendelea kufunga vifungu kwa kamba ya mgomba.

"Kwako ni osuga, mama. Mkikuyu akija ni managu. Kwetu Bungoma ni namasaka. Fancy wa ploti ya nyuma huitisha isochot. Mboga ni moja, jina ni la mwenye kula."

Nilikuwa nimekaa hapo kando juu ya debe, nikaona amesema vizuri, nikamwambia maneno hayo yanafaa hata kanisani. Nayaandika kwa sababu baadaye yalimrudia vibaya.

Celestine tunasali naye kikundi kimoja cha akina mama. Alizaliwa kwenye nyumba za reli, baba yake akiwa mfanyakazi wa stesheni, akaolewa, akafiwa, akabaki na mtoto wake Travis na kishamba huko Rongai. Shamba hulimwa na shemeji yake Nicodemus, na Celestine huuza mboga hapa. Si mtu wa kelele. Ukimkosea hunyamaza, halafu siku ya pili anakuletea maboga.

Mwaka huo walipanda mbegu mpya ya managu. Waliambiwa hii ina majani mapana, kifungu kinajaa haraka. Mvua ikanyesha vizuri, na Jumamosi moja asubuhi Nicodemus akatuma gunia la kwanza. Celestine akalifungua mbele yangu akifurahi. Mashina mengine yalikuwa na majani ya kawaida na mengine mapana kweli, yenye kingo za kukatikakatika.

"Umeona majani mapana?" akaniambia. "Mungu ametukumbuka."

Gunia likaisha kabla ya saa sita. Fancy Chepchirchir alichukua kifungu kikubwa zaidi, kwa sababu ana mimba, na Celestine humwongezea kila mara. Fancy ni msichana mpole, mume wake anafanya kazi mbali, na sisi majirani ndio wazazi wake hapa.

Baada ya chakula cha mchana tukasikia kelele kwenye vyumba vya ploti ya nyuma. Tulipofika, Fancy alikuwa amesimama katikati ya chumba, anachuma kitu hewani ambacho sisi hatukukiona. Uso mwekundu, ngozi kavu yenye moto, midomo imekauka, na macho yake, Mungu wangu, mboni zimekuwa kubwa na nyeusi hadi macho hayana rangi nyingine. Akaniangalia mimi akaniita kwa jina la nyanya yake aliyekufa.

Mlango ulikuwa umejaa watu. Mathenge, fundi wa viatu, alikuwa mbele yao.

"Haya ni mapepo. Huyu asitolewe nje. Nyinyi akina mama wa kanisa mnangoja nini? Ombeni!"

"Tutaomba tukienda," Celestine akasema. "Mathenge, shika mkono ule mwingine."

"Mimi? Nishike pepo?"

"Basi toka mlangoni."

Niliomba njia yote ya hospitali. Sijui kama maombi yangu yalikuwa na mpango, maana nilikuwa nasema tu, Bwana, wawili, Bwana, wako wawili.

Hospitalini daktari kijana alimulika macho ya Fancy, akasikiliza moyo, akageuka akauliza amekula nini. Watu wa ploti waliotufuata walikuwa wamesimama nyuma yetu. Celestine angeweza kunyamaza. Akasema, "Amekula mboga yangu. Managu. Nimemuuzia mimi."

Nikasikia mtu nyuma akivuta pumzi.

"Managu haifanyi mtu hivi, mama," daktari akasema. "Shamba mlipulizia dawa ya wadudu?"

"Hapana. Labda shemeji. Sijui."

"Sikilizeni. Hii ni sumu. Kama ni dawa ya wadudu, matibabu yake ni ya aina moja. Kama ni mmea, ni mengine, na haya mawili hayapatani kabisa. Mimi naona dalili za mmea, lakini mgonjwa ana mimba na sitaki kukisia. Tutamtunza. Nyinyi leteni hicho alichokula, na mfanye haraka."

Kwa Fancy sufuria ilikuwa tupu. Kibandani tulipata mashina machache ambayo Celestine alikuwa ameyatupa kando, na majani yamenyauka. Celestine akayafunga kwenye leso, akaniambia twende kwa Unnati.

Unnati ni mwalimu wa biolojia katika sekondari moja hapa mjini, mke wa mtu wa mtaa wa Section 58, mteja wa Celestine wa kila Jumamosi. Alitandaza majani juu ya meza, akayageuza, akanusa moja baada ya kulifikicha, akakunja uso.

"Mama Travis, ukoo wa mmea huu naujua. Mwenyewe sina hakika naye. Majani hudanganya, hasa yakinyauka. Ua liko wapi?"

"Maua hutolewa shambani. Wateja hawapendi."

"Basi sisi tunaosoma mimea hutambua kwa ua na tunda kwanza. Twende shambani. Nitaendesha."

Tulipita njia panda ya Njoro. Celestine alikuwa ameshika ile leso kwa mikono miwili kama mtu aliyebeba yai. Kisha akauliza, bila kugeuka, "Na wale wengine walionunua?" Akaanza kutaja majina polepole, mteja mmoja mmoja, akarudia tena, ili asisahau.

Nicodemus alitupokea akitabasamu, panga mkononi.

"Shemeji! Gunia limeisha tayari? Nilikuambia hii ya majani mapana watapigania!"

"Nionyeshe majani mapana."

Akatupeleka kwenye matuta. Managu ilikuwa imesimama vizuri, na katikati yake, hapa na pale, mimea michanga ya majani makubwa.

"Hii ndiyo mbegu mpya," akasema. "Ile nyingine naona ilichanganyika na ya zamani."

"Umepulizia dawa?" Unnati akauliza.

"Dawa ya nini? Hata wadudu hawaigusi hii."

Unnati alitembea kando ya shamba hadi zizi la zamani la ng'ombe. Hapo alisimama. Palikuwa na gugu limefika kiunoni, lenye ua jeupe refu kama tarumbeta, na tunda la kijani lililojaa miiba.

"Na hili unalijua, mzee?"

"Hilo nani halijui? Ni sumu hilo. Hata ng'ombe hulikwepa."

Unnati akang'oa mche mmoja wa majani mapana kutoka katikati ya managu, akauweka kando ya lile gugu, jani juu ya jani. Kingo zilikatika vilevile. Harufu ilikuwa ileile, mbaya.

"Basi huyu ni mtoto wake."

Panga likamponyoka Nicodemus. Alikuwa anamjua mzazi maisha yake yote na hakuwahi kumtazama mtoto. Aliambiwa majani mapana yatakuja, na majani mapana yakaja.

Celestine akachuma ua la managu, lile dogo la nyota lenye njano katikati, akalishika karibu na tarumbeta lile jeupe. "Hayafanani hata kidogo."

"Hapana. Lakini ni ndugu kweli," Unnati akasema, huku anapiga picha kwa simu. "Managu, nyanya, viazi, pilipili, tumbaku na huyu, wote ni ukoo mmoja. Wengine wanalisha, wengine wanaua. Mama mkwe wangu hupeleka tunda hili hekaluni siku ya mungu wetu Shiva, tunaliita dhatura. Wanasayansi walichukua jina hilo hilo wakaliweka kwenye Kilatini."

Simu haikuwa na mtandao. Nicodemus akaelekeza kidole kwenye mnara wa tangi la maji, na Unnati akapanda ngazi ya chuma na viatu vyake vya mjini, sisi tukiwa tumeishika chini. Nikasikia akipiga kelele kwa daktari, "Datura stramonium! Ndiyo! Nina ua na tunda mkononi! Hakuna dawa ya wadudu!"

Daktari hakuuliza ni managu gani, wala kwa Kiswahili ni nini, wala ni ya kabila gani. Jina lile lilikuwa na mmea mmoja tu ndani yake. Akasema sawa, akakata simu kwenda kwa mgonjwa.

Lakini Celestine alikuwa tayari ameingia garini. "Sasa wale wengine. Watu watapika jioni."

Tulirudi jua likianza kushuka. Mlango kwa mlango, Celestine mbele, ameshika gugu lenye tunda la miiba mkono mmoja na managu mkono wa pili. Mama mmoja alimtupia kifungu usoni. "Ulikuwa unataka kutuua na bado unabisha hodi?" Celestine akaokota kifungu, akasema asante, akaendelea. Wengine walikuwa wamekula kidogo na midomo imeanza kukauka, hao tukawapeleka kwa gari la Unnati.

Wa mwisho alikuwa Mathenge. Sufuria ilikuwa inachemka juu ya jiko, mboga ndani.

"Usile hiyo, Mathenge."

"Mama Travis, niache. Mnaona pepo limeshinda maombi yenu, mnasingizia mboga. Managu ni managu. Nimekula tangu nizaliwe."

"Ni kweli. Jina ulilonunua ni la managu."

"Sasa?"

"Sasa kilichokuja ndani ya jina ni kitu kingine." Akalifikicha jani la gugu, akamnyooshea puani. "Nusa hii. Halafu nusa sufuria yako."

Mathenge alinusa jani. Akainama juu ya mvuke, akanusa tena. Kisha akashika sufuria na kitambaa, akatoka nayo nje, akaimwaga kwenye choo, na Celestine akazima jiko.

Fancy alituita kwa majina yetu siku iliyofuata, sauti imekauka, akauliza kwa nini wote tunalia. Mtoto alikuwa bado anacheza tumboni. Alizaliwa wakati wake, msichana, na wale walioenda hospitali siku ile wote walirudi nyumbani. Namshukuru Mungu, na sioni haya kumshukuru pia yule mwalimu aliyepanda tangi.

Kibanda kilikaa bila wateja muda mrefu. Nicodemus aling'oa magugu yote ya zizini akayachoma, pamoja na miche yake ya matutani. Celestine siku hizi haondoi maua kwenye vifungu. Kila kifungu lazima kiwe na kijiti kimoja chenye ua la nyota, na akikosa ua, hauzi. Watu walicheka mwanzoni. Sasa wanauliza, ua liko wapi?

Nilipomwambia kikundi kimeniomba niandike habari zake, alifikiri kidogo, mikono ikiwa kwenye kamba ya mgomba, halafu akaniomba hivi:

"Usiandike jina la hilo gugu peke yake. Andika ua lake ni jeupe, refu kama tarumbeta, na tunda lake lina miiba, na likiwa changa jani lake ni pana na linanuka vibaya ukilifikicha. Andika hivyo, ili anayeliita kwa jina lingine pia alijue."