Simu Haimjui Shija

Wiki hii nilipanga foleni ya vyeti vya kuzaliwa katika ofisi moja huku kwetu kwenye machimbo. Mbele yangu alikuwa mama kutoka Nyarugusu, kabeba mtoto wa kiume mgongoni.

"Jina?"

"Shija."

Karani akalitafuta kwenye simu, akatikisa kichwa. "Hapa wanasema ni la Kihindi, mama. Tena la kike."

"Ni la kwetu Usukumani, baba. Shija ni anayezaliwa baada ya mapacha, Kulwa na Doto."

"Basi lete vyeti vya hao mapacha, nihakiki."

Mama akashika ukingo wa dirisha. "Hawakumaliza wiki, baba. Hawana vyeti."

Karani akamgeuzia simu ajisomee. Mama hakuitazama. "Rudini mkiwa na jina linaloeleweka," akaambiwa, naye akaondoka.

Simu yenyewe kaihakiki nani? Sikuuliza, niliogopa kupoteza nafasi yangu kwenye foleni. Cheti changu nimepata, hakina kosa hata la herufi. Kulwa na Doto walikuwa wamebaki mahali pamoja tu duniani, kwenye jina la mdogo wao.