Sindano ya Kutangulia Homa

Muuguzi wa wodi ya wanaume pale Kibondo ana mikono mikubwa na sauti ya kuitia ng'ombe, lakini kichupa cha dawa hukizungusha viganjani polepole mpaka unga wote uyeyuke. Kabla ya kuchoma humweleza mgonjwa jina la dawa na kazi yake, kwa Kiswahili kisha kwa Kiha, hata kama mgonjwa amefumba macho. Mume wangu Nurudini, ambaye ini lake limesinyaa kwa maradhi ya miaka mingi, alifikishwa pale akitapika damu. Muuguzi akamwekea dripu, akachukua kichupa alichoagiza daktari. Shemeji yangu Saady akamshika mkono.

"Sista, huyu anatoka damu. Dawa ya vijidudu ya nini? Hana hata homa."

Muuguzi hakuuvuta mkono wake. "Kaka, ini lake limechoka kuulinda mwili. Damu ikivuja tumboni, vijidudu vya utumbo hupata njia ya kuingia mwilini. Tukingoja homa, tumechelewa."

Saady akamwachia. Damu ilikata, na sindano ikaendelea kila asubuhi. Homa haikuja. Siku ya kuruhusiwa, Nurudini aliomba abebwe.

"Utatembea," alisema muuguzi, akaenda kufungua milango yote miwili. Mume wangu akapita katikati ya wodi kwa miguu yake mwenyewe. Muuguzi akasimama pale mlangoni kifua mbele, akiwatazama wagonjwa wengine mmoja mmoja, kuhakikisha wote wameona.