Kiti Kilichoonekana Kitupu

Mwalimu wetu wa fizikia alikuwa Mombasa, sisi tulikuwa Lamu. Shuleni kwetu hapakuwa na wa kufundisha somo hilo, kwa hivyo kila Jumanne alitujia kwenye skrini, naye alituona kupitia kamera ndogo iliyofungwa juu yake.

Mimi nilitoka kijiji cha Mbwajumali, nikikaa kwa shangazi mtaa wa Wiyoni. Wasichana wengi darasani walikuwa wa nyumba za mji wa kale, weupe, wasiochoka kumtaja babu aliyetoka Uarabuni. Mimi ni mweusi ti. Nyuma ya kiti changu palikuwa na ukuta wa chokaa.

"Pale ukutani pana kiti kitupu," mwalimu alisema siku moja. "Nani hakuja?"

"Yupo, mwalimu!" jirani yangu akajibu, kisha akanigeukia. "Wewe, cheka basi, akuone meno!"

Darasa likaangua kicheko. Nami nikacheka. Hilo ndilo linaloniuma hadi leo: nilicheka, tena nikahakikisha meno yanaonekana.

Mwalimu aliwauliza wale aliowaona. Nilikuwa na swali langu juu ya mkondo wa umeme, nimelifuta na kuliandika upya mpaka karatasi ikatoboka, na hakuna aliyeniita. Nilitaka kuwa mhandisi. Bila mtu wa kunisahihisha, ningefeli huku nikijiona ninavyofeli.

Jumanne iliyofuata nikajipaka poda. Pembeni mwa skrini, tulipojiona wenyewe, nikawa rangi ya jivu, kama mtu aliyeangukia unga. Nikaenda kuiosha, na poda yenyewe nikaitupa.

Nyumbani nikaomba simu ya shangazi. Nikajipiga picha mbele ya ukuta mweupe: sura haipo. Mbele ya mlango wa mbao: macho, pua, hata kovu la kidevuni. Nikarudia asubuhi, nikarudia alasiri, maana siwezi kuamini jambo nililolijaribu mara moja tu. Uso ulikuwa uleule. Kamera ndiyo iliyokuwa ikiufuata weupe wa ukuta, na kuniacha mimi gizani.

"Shangazi, niazime leso yako ya kahawia."

"Ya kufanyia nini?"

"Nionekane darasani."

Akanitazama sana. "Chukua. Na usimpishe mtu ndia."

Jumanne nikawahi, nikaitundika kwenye misumari iliyowahi kushika ramani, nyuma ya kiti changu.

"Leo umekuja kuanika nguo?" jirani yangu akauliza.

"Ndiyo. Na haianuliwi."

Skrini ikawaka. Mwalimu akasogeza uso karibu. "Wewe uliye mbele ya leso, u mgeni?"

"La, mwalimu. Nipo tangu muhula ulipoanza."

"Basi samahani. Una swali?"

Nikasimama. Lile swali nililolinyoosha wiki nzima likatoka limepinda.

"Sijakuelewa," akasema. "Liseme tena."

Nikalisema tena.