Hatua za Mwisho za Mama

Jumba zima la sinema hapa Ouagadougou lilimlilia marehemu. Marehemu mwenyewe alikuwa safu ya tatu, pembeni yangu, anatafuna karanga.

Tuanze na kaka yangu Noaga. Miaka kumi na tisa Ulaya. Mama kaugua, hakuja. Mama kafa, hakuja.

Mwaka jana ndipo akatua, skafu shingoni kwenye joto hili, eti anatengeneza filamu fupi ya majaribio kuhusu kumbukumbu na msiba.

Msiba upi, bwana? Uliuhudhuria?

Akaniomba kadi ya video za mama. Ilikuwa moja tu. Ndani yake mlikuwa na matanga yake, na dakika mbili za mama akiwa hai, kakondeana kwa ugonjwa, anachambua maharage huku ananikaripia. Sina sauti yake nyingine duniani. Nikampa, akaapa kuirudisha.

Basi, taa zikazimwa. Dakika kumi na mbili za ukungu, mngurumo wa friji, na mwanamke anayeonekana kwa nyuma akitembea na fimbo, tena na tena. Wasomi wakapenga kamasi.

Noaga akapanda jukwaani, sauti ikimtetemeka, mtetemo wa mazoezi. "Hizo ndizo hatua za mwisho za mama yangu."

Pogbi, mke wa kaka yetu mkubwa, akaacha kutafuna. "Wifi, yule si mimi?"

Alikuwa yeye. Sisi Wamosi, kwenye matanga mkamwana huvaa nguo za marehemu, hushika fimbo yake, huiga mwendo na maneno yake mpaka watu wacheke huku wanalia. Kila mtoto wa kwetu anajua. Isipokuwa msanii.

Nikamfuata Noaga nje, Pogbi nyuma yangu. Sikutaka ugomvi, nilitaka kadi yangu. Akasema ameshaijaza picha nyingine.

"Na yule anayechambua maharage?"

"Kale kabibi kanakogomba? Nilikafuta, dada. Kalikuwa kananiharibia utulivu. Kwani nani yule?"



Pogbi akasogea, akapinda mgongo, akasema kwa sauti ya mama, ileile kabisa: "Noaga, mwanangu, umekula?"

Mimi machozi yakanitoka. Kaka akatoa simu.

"Rudia hivyohivyo, shemeji. Hapo mwanga mzuri."

Wenzangu, aliyeshindwa kuja kumzika mama yenu msimkabidhi sura yake, hata kama mmenyonya ziwa moja.