Rozari Nyuma ya Bodaboda

Mwenzenu nimeaibika, acheni niseme. Nina watoto watatu na darasa limejaa hadi mlangoni, na muda wa kusali rozari nilikuwa siupati. Nyumbani nikipiga magoti tu, mtu anaulizia soksi. Basi Kwaresima hii nikaamua kusali juu ya bodaboda, asubuhi nikishuka kutoka Msangeni kwenda shuleni ninakofundisha.

Dereva wangu ni Eliamini, kijana mpole, Mlutheri. Nilikaa nyuma yake, rozari mkononi, midomo karibu na sikio lake, nikasali Salamu Maria moja baada ya nyingine kwa sauti ya chini. Nilijiona mtakatifu kabisa.

Wiki ya pili nikaanza kuchelewa. Eliamini alikuwa anatambaa kama kinyonga, na kwenye kona anasimama kabisa. Mwalimu mkuu akanionya. Jana uvumilivu ukaniisha. Tulipofika getini nikamfokea mbele ya walimu wenzangu.

"Eliamini, siku hizi una nini? Hata mbuzi wanatupita!"

Akavua kofia, akamwamkia mwalimu mkuu, kisha akanitazama kwa huruma.

"Mwalimu, miaka minne sijawahi kukuangusha. Lakini sasa kila kona nakusikia nyuma yangu, 'saa ya kufa kwetu, saa ya kufa kwetu.' Nimepunguza mwendo, bado unasema. Nimesimama, bado. Sasa niendesheje ndipo uniamini?"

Mwalimu mkuu aligeukia ukutani, mabega yakimtikisika.