Saimi Anapofunga Mdomo

Nimeendesha lori la maziwa huku Pohjanmaa miaka thelathini na mmoja. Nilipoanza nilikuwa nasimama kwenye mazizi arobaini na matatu. Nilipostaafu yalibaki manne. Kwa hiyo asinijie mtu na hotuba za kilimo cha kesho cha Ufini. Hiyo kesho nimeiona ikifunga milango mmoja baada ya mwingine, na wenye mazizi wakigeuza majengo kuwa maegesho.

Moja ya hayo manne ni la Saimi Haapoja. Aliolewa hapo akiwa na miaka ishirini na mitatu, akakuta ng'ombe wanane, ndoo mbili na mama mkwe mkali. Siku hizo nyasi tulikuwa tunazianika kwenye vigingi, kijiji kizima mashambani. Baadaye zikaja mashine za kukamulia, yakaja matrekta yenye kibanda, ng'ombe wakafika sitini. Oiva, mumewe, akafariki. Kitu kimoja tu hakikubadilika: saa kumi na moja alfajiri na saa kumi na moja jioni Saimi anafungua mlango wa zizi na kuita, "Ptruui, ptruui!" na ng'ombe wanamjia mbio.

Magoti yalipomshinda, Kaisu, mwanawe wa pekee, aliacha kazi ya uuguzi mjini Tampere.

"Narudi, Mama, ila narudi na roboti ya kukamulia. Mimi sitavunjika mgongo kama wewe."

"Lete hata chombo cha kwenda mwezini," Saimi akamjibu, "mradi zizi lisifungwe."

Roboti ikaja. Ng'ombe anaingia mwenyewe anapotaka, anapewa pumba, anakamuliwa, anatoka zake. Ndivyo walivyotuambia. Mwezi ukapita, ng'ombe hawaingii. Kaisu akawa anawasukuma mmoja mmoja, mchana na usiku, mpaka macho yakamwingia ndani. Fundi alikuja mara tatu, mara zote akasema mashine ni nzima.

"Mzee Urpo," Kaisu akaniambia siku moja, bila kuzunguka, "nimejipa hadi theluji ya kwanza. Wakiendelea kugoma nauza wote, narudi Tampere."

Ulikuwa mwezi wa tisa. Huku theluji huanguka mwezi wa kumi, ikichelewa sana wa kumi na moja; hesabu hiyo kila mtu anaijua.

Alfajiri moja nilikwenda kurudisha msumeno wao. Nikachungulia zizini. Ng'ombe wamejipanga mbele ya mlango wa zamani, wameipa mashine mgongo, wote sitini. Mlango ukafunguliwa, akaingia Saimi na ovaroli lake na kitambaa kichwani. "Ptruui, ptruui, wapenzi wangu." Wakamzonga, wakamlamba mikono. Akamshika kila mmoja shingo, akamkwaruza sikio Heluna, kiongozi wao, kisha akasema, "Haya, nendeni kwa lile dude." Hakwenda hata mmoja. Waende kufanya nini, na aliyewakamua maisha yao yote ndiye huyo kasimama mbele yao?

Mazoea yana tabu, jamani.

Tukaingia jikoni. Huku kwetu humwambii mtu neno zito kabla ya kikombe cha pili cha kahawa. Ni adabu, na Saimi ni mtu wa adabu. Mimi sikungoja hata cha kwanza kipoe.

"Unakwenda kufanya nini zizini kila alfajiri?"

"Kumsaidia mwanangu. Na kuwasabahi. Kuna kosa?"

"Mashine haina kosa, Saimi. Kosa ni wewe. Wanakungoja wewe."

Akainuka, akachukua birika, akalirudisha juu ya jiko bila kunimiminia. Kwa miaka yote hiyo sijawahi kunyimwa kikombe cha pili katika nyumba ile. Nikavaa kofia yangu nikaondoka, najilaumu kwa domo langu.

Kesho yake akanipigia simu. "Una gari?"

"Ninalo."

"Nipeleke Vaasa kwa dada yangu. Na usiongee njiani."

Sikuongea. Tangu harusi yake, miaka arobaini na saba, hakuwahi kukaa mbali na ng'ombe zaidi ya usiku mmoja. Tulipopita shamba la mwisho alitoa leso. Nikatazama barabara.

Siku nne za kwanza, Kaisu aliniambia baadaye, ng'ombe walilia mlangoni mpaka akataka kumwita mama yake arudi. Siku ya tano Heluna akaingia mwenyewe. Mkono mtupu haulambwi, na mashine ilikuwa na pumba. Wengine wakamfuata. Kufikia wiki ya tatu Kaisu alikuwa analala usiku kucha, na mashavu yamemrudi.

Nilimrudisha Saimi siku theluji ya kwanza ilipoanguka. Hakuingia ndani kuvua koti. Alikwenda moja kwa moja zizini, akasimama kwenye kizingiti cha mlango wa zamani, mimi na Kaisu nyuma yake. Hakukuwa na ng'ombe hata mmoja pale. Walikuwa wanakula, wengine wamelala, wengine wamepanga foleni kwa roboti.

Kaisu alimwonea huruma mama yake, nilimwona. "Waite, Mama," akasema. "Mara moja tu. Wamekukumbuka."

Saimi akavuta pumzi. Nilijua mdomo ule unavyojikunja kabla ya kuita, nimeuona maelfu ya mara nikiwa naunganisha bomba la lori. Kisha akaufunga.

"Siwaiti," akasema. "Wakija, umeharibikiwa wewe. Wasipokuja, nimeharibikiwa mimi."

Kule mbele Heluna akainua kichwa na kutega masikio upande wetu. Saimi akarudi nyuma haraka, akajificha nyuma ya ukuta, akaniomba kwa mkono nifunge mlango. Nikaufunga.